Historia Isiyo na Mawe: Alexandre Trauner na Mandhari ya Filamu za Bara

Waliotazama filamu ya Le Jour se lève (1939) humkumbuka Jean Gabin akiwa amejifungia chumbani, juu kabisa ya jengo, huku polisi wamemzingira. Wachache hujiuliza ni nani aliyeamua jengo lile liwe refu kiasi kile na lisimame peke yake. Ni Alexandre Trauner, mbunifu wa mandhari. Upweke wa mhusika ulikwisha kujengwa kabla mwigizaji hajatamka neno. Dai langu ni kwamba kazi ya aina hii inatuhusu sisi watu wa bara, huku Tanzania, kuliko inavyowahusu wenzetu wa pwani.

Trauner alizaliwa Budapest mwaka 1906, akasomea uchoraji, kisha akahamia Paris mwaka 1929 na kujifunza kazi chini ya Lazare Meerson. Katika Hôtel du Nord (1938), mfereji wa Saint-Martin ulijengwa upya kwenye studio za Billancourt, ingawa wenyewe ulikuwepo palepale Paris. Wapo wanaouona huo kuwa ubadhirifu. Mimi naona ni hoja: mtaa halisi una wapita njia wake na jua lake, ilhali mtaa wa seti humtii mwongozaji.

Vita vilipokuja, Trauner, Myahudi katika Ufaransa iliyokaliwa na Wanazi, alibuni mandhari ya Les Enfants du paradis (1945) akiwa mafichoni, na Léon Barsacq na Raymond Gabutti wakasimamia kazi hiyo hadharani. Filamu ilipotoka, jina la Trauner liliandikwa pamoja na maelezo kwamba alifanya kazi kwa siri. Miaka 15 baadaye alibuni ofisi ya The Apartment (1960), iliyompatia tuzo ya Oscar. Kadiri ukumbi ule unavyokwenda nyuma, ndivyo meza zinavyozidi kuwa ndogo, na watu waliokaa huko nao ni wafupi. Jicho linadhani ofisi haina mwisho. Kumbe ni hesabu ya fundi aliyebana nafasi.

Sasa turudi nyumbani. Vuta N'kuvute (2021) ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, inaonyesha Zanzibar ya miaka ya 1950. Waliobuni mandhari yake walikuwa na kazi kubwa, lakini walikuwa na pa kuanzia: kuta za Mji Mkongwe bado zimesimama. Huku Bariadi, mkoani Simiyu, hakuna kuta za namna hiyo. Nyumba ya udongo na nyasi haidumu miaka 70 bila kujengwa upya, na leo mabati na nguzo za umeme vinaingia kwenye picha popote utakapoelekeza kamera. Pwani inaweza kuazima historia yake. Bara ni lazima ijenge yake. Bila mbunifu wa mandhari, filamu zetu za kihistoria zitabaki pwani.

Chukua mfano wa pamba. Wakulima wa Usukuma waliilalamikia mizani ya wanunuzi, na malalamiko hayo yalichangia kuzaliwa kwa ushirika ulioongozwa na Paul Bomani, hadi kuundwa kwa shirikisho la vyama vya ushirika, VFCU, mwaka 1955. Mwandishi wa muswada ataandika tu: mkulima anapunjwa. Mbunifu atauliza uso wa mizani ugeukie wapi, meza ya karani iwe na kimo gani, gunia liwekwe upande upi wa kaunta. Namba zikimwelekea karani peke yake, na mkulima akawa amesimama nyuma ya mzigo wake mwenyewe, dhuluma imeshaonekana, hotuba haihitajiki.

Nitaambiwa fedha hazipo. Ni kweli kwamba Billancourt haipo Simiyu. Lakini udongo, nyasi na ua wa minyaa havihitaji studio, na mafundi wa kuezeka bado wapo. Kinachokosekana ni michoro na vipimo: upana wa mlango, urefu wa ghala la mtama, mahali zizi lilipokaa. Hayo yamo vichwani mwa wazee waliobeba pamba wakiwa vijana, ambao sasa wamevuka miaka 80. Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo (TaSUBa) na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam wawatume wanafunzi Bariadi, wakiwa na futi na penseli, kabla msimu huu wa pamba haujapita.