Malindi: Timu ya Mtaa Iliyotwaa Ubingwa wa Bara na Visiwani

Mwaka 1989 ubingwa wa Ligi ya Muungano ulivuka bahari kuja Unguja, na haukwenda kwenye kambi ya kikosi chochote cha serikali. Ulikwenda Malindi, mtaa wa Mji Mkongwe uliopakana na bandari, mtaa wa msikiti wenye mnara wa kale, wa majahazi na wauza samaki. Mwaka 1992 ukarudi tena palepale. Kwa klabu iliyoasisiwa 1942 na kuishi miaka mingi kwa michango ya wanachama, hilo si jambo dogo. Nalitaja mwanzo kwa sababu historia ya soka ya Zanzibar husimuliwa zaidi kwa viwanja na vyama vya mpira, ilhali mwenye mpira hasa kisiwani ni mtaa.

Gozi liliingia Unguja kwa milango miwili. Mmoja ni wa Waingereza wa kampuni ya simu za maandishi ya Eastern Telegraph, ambao waya wao wa chini ya bahari ulifika kisiwani 1879. Hao walicheza wao kwa wao kujiburudisha baada ya kazi. Mlango wa pili, na kwangu ndio mkubwa, ni skuli ya Kiungani ya misheni ya UMCA, iliyolea na kusomesha vijana waliokombolewa kutoka majahazi ya watumwa. Mwishoni mwa karne ya 19 vijana hao walikuwa wakicheza kandanda kama sehemu ya masomo yao. Waliohitimu wakawa walimu, makarani na wachapaji. Wengine wakapelekwa Bara, katika vituo vya misheni vya Magila na Masasi, na mchezo wakaenda nao. Vijana waliopokonywa makwao, ukoo na hata majina walikuwa miongoni mwa walimu wa kwanza wa mpira nchini mwetu. Sijui kwa nini jambo hili hatulisomeshi skuli.

Kutoka huko mpira ulihamia Mnazi Mmoja. Uwanda ule ulikuwa mpakani: upande mmoja Mji Mkongwe wa nyumba za mawe, upande wa pili Ng'ambo ya nyumba za udongo na makuti, na kati yao maji ya pwani yaliyokuja kufukiwa baadaye. Wakoloni walijitengea hapo viwanja vya gofu, kriketi na tenisi. Watu wa Ng'ambo wakaja na mpira, wengi wao pekupeku, na jioni baada ya sala ya Alasiri uwanda ulikuwa wao. Mtindo huo haujafa: hata leo mechi huanza saa kumi jioni, na refa anayechelewa kuanzisha mchezo hukumbushwa na watazamaji kwamba Magharibi iko karibu.

Kufikia miaka ya 1920 na 1930 klabu zilikuwa zimeshaota mizizi mitaani. Hiki ndicho kipindi ambacho watu wa Ng'ambo waligoma kulipa kodi ya ardhi, 1927 hadi 1928, na si sadfa kwamba mambo hayo mawili yalikua pamoja. Klabu ilikuwa na katibu, mhazini, daftari la ada na kikao chenye ajenda. Mtu asiye na kura popote alipata pa kumchagua kiongozi wake na kumng'oa. Ilipoundwa African Association mwaka 1934, iliwakuta tayari watu wa African Sports Club, waliozoea kuitisha mkutano na kukusanya fedha. Abeid Amani Karume, baharia aliyekuja kuwa rais wa kwanza wa Zanzibar, alitoka katika mzunguko huo wa watu wa mpira na bandari.

Malindi ilianza katikati ya Vita Kuu ya Pili, Sultani akiwa Khalifa bin Harub. Mtaa wenyewe ulikuwa na kila aina ya watu wa bahari: mabaharia waliosubiri upepo wa kusi, wachukuzi, wafanyabiashara wadogo, wenyeji na wageni waliofanywa wenyeji. Timu ya mtaa wa namna hiyo haiwezi kuwa ya kabila moja hata ikitaka.

Na klabu ya mtaa huendeshwaje? Tazama kona yoyote ya Unguja siku ya mechi. Kwenye ukuta kuna ubao mweusi ulioandikwa kwa chaki: nani na nani, uwanja gani, saa ngapi. Chini yake ni baraza ya saruji, wazee wamekaa na vikombe vidogo vya kahawa, mmoja anagawa kashata, mwingine ameshika karata lakini hachezi kwa sababu anabishana kuhusu beki wa kushoto. Kijana anapita na furushi la jezi zilizofuliwa na kukaushwa nyumbani kwa mtu. Mwenye gari ndogo ya mizigo ameombwa awachukue wachezaji. Mwenye duka ametoa maji na ndimu. Mchezaji akiumia, gharama za hospitali hupitishiwa kofia. Hakuna mkataba wowote hapo. Soka la ridhaa ni hilo, na limelea watoto wengi kupitia timu za vijana za Juvenile na Central kabla hawajavaa jezi ya wakubwa.

Zama za Siasa, kuanzia uchaguzi wa Julai 1957, ziliijaribu ridhaa hiyo vibaya. Watu waligawana kwa vyama vya siasa mabaraza, maduka, mabasi na hata mazishi. Viwanja navyo havikusalimika. Baada ya Mapinduzi ya Januari 12, 1964, sura ya soka ikabadilika. Uwanja wa Amaan ukafunguliwa 1970, na polepole zikapanda timu za vikosi vya serikali: KMKM ya kuzuia magendo, JKU, Mafunzo, Polisi, Zimamoto. Siwalaumu vijana waliozikimbilia. Kikosi kilitoa ajira na mshahara wa mwisho wa mwezi, na mama nyumbani alikuwa anangoja. Lakini mtaa ndio uliomlea mchezaji, na kikosi ndicho kilichomvuna. KMKM ilipokuwa timu ya kwanza ya Visiwani kutwaa Ligi ya Muungano, mwaka 1984, wengi waliamini zama za timu za mitaa zimekwisha.

Ndiyo maana 1989 ina uzito wake. Ligi ya Muungano, iliyoanza 1982, iliwakutanisha vinara wa Bara na wa Visiwani, na bingwa ndiye aliyepata tiketi ya kuiwakilisha Tanzania katika klabu bingwa Afrika. Kuibeba maana yake ni kuwapita Yanga, Simba na miamba ya mikoani kama Pamba, Coastal Union na Maji Maji. Malindi ilifanya hivyo mara mbili, ikiwa na wafadhili wake na mtaa mzima nyuma yake. Mwaka 1995 ikafika nusu fainali ya Kombe la CAF, na mwaka huohuo timu ya taifa ya Zanzibar ikatwaa Kombe la Chalenji nchini Uganda. Tangu hapo haijawahi kulitwaa tena.

Miaka iliyofuata haikuwa ya neema. Mfadhili akichoka, klabu hurudi kwenye kofia ya mchango. Mchezaji mzuri huvuka kwenda Bara, na jioni za mwisho wa wiki kijana wa mtaani yuko mbele ya runinga akitazama ligi ya Uingereza. Kufutwa kwa Ligi ya Muungano 2003 kuliwapa mabingwa wa Zanzibar njia yao wenyewe ya kwenda Afrika, na Machi 2017 Zanzibar ilipokewa kuwa mwanachama wa 55 wa CAF, kabla ya uanachama huo kufutwa Julai mwaka huohuo. Furaha ya Machi ilionekana mitaani. Uchungu wa Julai hadi leo hauzungumziki kwa utulivu.

Hata hivyo mtaa haujakubali kushindwa. Malindi ilirudi Kombe la Shirikisho la Afrika 2019, ikaitoa Mogadishu City kabla ya kutolewa na Al Masry ya Misri. Mlandege, klabu nyingine ya mtaa, ilichukua Kombe la Mapinduzi 2023, na Januari 2024 ikalitetea Amaan kwa kuifunga Simba 1–0.

Lakini historia hii yote imehifadhiwa nusu tu: Nyaraka za Taifa kule Kilimani zina majalada ya wakoloni kuhusu viwanja. Daftari za klabu, kadi za uanachama na picha za timu ziko kabatini kwa watu, zikiliwa na mchwa na chumvi ya bahari. Aliyekuwa na miaka 20 wakati wa Mapinduzi sasa amepita 80. Klabu, wizara na Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar vingeweza kutuma vijana wenye kinasa sauti na skana nyumba kwa nyumba, wakianzia Malindi, wakati waliocheza 1989 na 1992 bado wanaweza kutaja majina ya walio kwenye picha.