Zimwi Lililogoma Kupigwa Picha

Hivi umewahi kumwona mtu aliyekufa zaidi ya miaka 120 iliyopita akicheza ngoma? Mimi nimemwona, usiku, kwenye simu yangu. Ni Ichikawa Danjūrō wa Tisa, nguli wa kabuki, ule mchezo wa jukwaani wa Kijapani ambamo wanaume huigiza hata nafasi za wanawake.

Filamu inaitwa Momijigari. Shibata Tsunekichi aliipiga Novemba 1899, nje, nyuma ya ukumbi wa Kabuki-za jijini Tokyo. Shujaa Koremochi anakutana mlimani na binti wa kifalme aliyekuja kutazama majani yaliyogeuka mekundu. Anakaribishwa pombe, analewa, analala. Kumbe binti yule ni zimwi! Danjūrō ndiye binti, na ndiye zimwi.

Siku hiyo kulikuwa na upepo. Katikati ya ngoma, kipepeo chake cha kujipepea kikamponyoka, kikapeperuka. Kosa lile limo hadi leo, na mimi linanisisimua kuliko zimwi lenyewe.

Danjūrō hakuipenda sinema. Alikubali kwa sharti kwamba picha isionyeshwe akiwa hai. Sharti halikudumu: mwaka 1903 aliugua, ikaonyeshwa Osaka badala yake. Mwaka huohuo akafariki.

Sasa, mwaka 1898 Asano Shirō alikuwa ameshapiga filamu fupi mbili: Bake Jizō, ya sanamu yenye mzuka, na Shinin no Sosei, ya maiti anayezinduka baada ya jeneza kuanguka. Yaani sinema ya Japani ilianza na mizuka mapema kabisa. Zote mbili zimepotea, kama zilivyopotea nyingi za enzi ile. Tetemeko la 1923 lilichoma nyingine, vita vikachoma nyingine. Zilizobaki nazo hazina tena benshi wao, wale wasimulizi waliosimama kando ya pazia wakiwasemea wahusika wote, hata mizuka.

Mwaka 2009 Momijigari ikawa filamu ya kwanza kutambuliwa na Japani kuwa mali muhimu ya utamaduni.

Kazini niliwahi kuzima kinasa sauti kwa sababu mzee mmoja aliniomba. Ameshafariki, na sauti yake sina. Nilimheshimu, lakini bado inaniuma. Maiti wa Asano alifufuka, kisha akapotea na filamu yake. Danjūrō, aliyekataa, ndiye tunayemtazama. Ningekuwa Shibata, sijui kama ningezima.