Kiungo Kinachonukia Mdalasini

Ndugu msomaji, kuna jamaa wengi wanaoamini kwamba hadithi za dunia za kubuni ni mchezo wa watoto. Eti ukiandika juu ya sayari isiyokuwepo, basi umeyakimbia maisha. Mimi nabishana nao kila siku, na shahidi wangu ni kitu kidogo tu cha jikoni: kiungo cha chakula.

Kiungo chenyewe kinaitwa melange. Usikitafute Kariakoo wala Darajani, kwani alikitunga Mmarekani Frank Herbert katika riwaya yake Dune, iliyotoka kama kitabu mwaka 1965. Wengine mmeiona kwenye filamu za mwaka 1984, 2021 na 2024. Kinapatikana katika sayari moja tu, Arrakis, jangwa tupu lenye minyoo mikubwa inayoweza kumeza mtambo mzima pamoja na wachimbaji wake. Kinanukia mdalasini. Wenyeji wa jangwa hilo, Wafremen, wanakitia kwenye kahawa na chakula. Anayekila huishi miaka mingi, akili yake hufunguka, na wachache huona hata mambo yajayo. Akikizoea, macho yake hugeuka bluu tupu, na akikikosa ni kifo. Tena manahodha wa vyombo vya angani hawawezi kuongoza safari za nyota hadi nyota bila hicho. Bila melange hakuna safari, bila safari hakuna biashara, na bila biashara mfalme anakalia kiti cha bure.

Sasa angalia lile neno "moja tu". Uchawi wote umejificha hapo. Kitu kinachotakiwa na kila mtu, kikapatikana mahali pamoja tu, lazima kitaleta vita, na wenyeji wa mahali hapo ndio watakaolipa gharama.

Herbert hakukiokota hewani. Alikuwa mwandishi wa magazeti. Mwaka 1957 alikwenda Florence, jimbo la Oregon, kuandika juu ya vilima vya mchanga vinavyohama, ambavyo wataalamu wa serikali walikuwa wakivizuia kwa kupanda majani. Makala ile haikuchapishwa, lakini mchanga ulimkaa kichwani. Akasoma miaka kadhaa juu ya majangwa, dini na watu wa jangwani. Ndiyo maana msomaji wa Kiswahili akiifungua Dune anakutana na maneno anayoyajua, kama "jihad" na "Mahdi". Hadithi ilianza kutoka kwa vipande katika gazeti la Analog mwishoni mwa mwaka 1963. Ilipofika kwenye kuwa kitabu, wachapishaji zaidi ya 20 waliikataa! Ikachukuliwa na Chilton, kampuni iliyojulikana kwa vitabu vya kutengeneza magari. Mwaka 1966 ikazoa tuzo za Hugo na Nebula. Wale mnaotunza barua za kukataliwa chini ya godoro, msizichome bado.

Lakini ukichimba zaidi utaona kwamba historia ya melange ilianza kabla Herbert hajazaliwa. Chukua mdalasini wenyewe. Katika karne ya 5 K.K., Mgiriki Herodotus aliandika kwamba vijiti vya mdalasini huletwa na ndege wakubwa wanaojengea viota majabalini. Waarabu, alisema, huwawekea mapande ya nyama, ndege huyabeba, viota huporomoka kwa uzito, na watu huokota. Baada ya miaka kama 500 Pliny wa Roma alicheka: hadithi hizo zimetungwa ili kupandisha bei. Kumbe wafanyabiashara walitutangulia katika utunzi!

Kungumanga nayo ina yake, tena ya damu. Mwanzoni mwa karne ya 17 ilikuwa ikipatikana katika visiwa vidogo vya Banda tu, Indonesia ya leo. Mwaka 1621 Jan Pieterszoon Coen wa Kampuni ya Kiholanzi ya India ya Mashariki alivivamia. Katika watu wanaokadiriwa kuwa 15,000, walibaki kama 1,000. Wengine waliuawa, walikufa njaa, walitiwa utumwani au walikimbia. Kisha mashamba yakajazwa watumwa kutoka kwingine. Niambie, Arrakis iko mbali hapo?

Karafuu zilipita njia ileile mpaka zikatufikia. Waholanzi walikata mikarafuu visiwani Maluku ili waizuie isiote nje ya eneo walilolishika, hasa Ambon. Mwaka 1770 watu wa Mfaransa Pierre Poivre wakafanikiwa kuipeleka miche Mauritius kwa siri. Mwanzoni mwa karne ya 19 mbegu zikafika Unguja, na Seyyid Said akahimiza mashamba yapandwe Unguja na Pemba. Waliolima na kuchuma wengi wao walikuwa watumwa waliotolewa bara. Tufani ya mwaka 1872 iliangusha mikarafuu mingi ya Unguja, lakini utumwa ulisimama palepale. Ulifutwa kisheria mwaka 1897. Huko ng'ambo mtu alichomeka punje kwenye nyama yake, akasifu harufu, asiwaze mgongo wa aliyeichuma.

Herbert aliuwaza mgongo huo. Wafremen wake wanawahonga manahodha kwa kiungo chenyewe, ili angani kwao pasiwekwe setilaiti za kuwachungulia. Na mwishoni kijana Paul Atreides anampigisha mfalme magoti kwa kutishia kukiangamiza kiungo chote. Ndipo unapojua nani hasa alikuwa na nguvu siku zote.

Kwa hiyo, vijana wenzangu, mkitunga dawa, tunda au unga wa maajabu, ulizeni: Kinatoka wapi? Nani anakichuma? Nani anapanga bei? Nani anapigwa akikamatwa nacho? Mwandishi asiyejibu maswali hayo atabaki na mazingaombwe tu, na msomaji atapiga makofi kisha asahau.

Mimi nilimaliza kidato cha nne, sina shahada. Nina muswada kwenye madaftari matatu, na ndani yake kuna chumvi ambayo mtu akiilamba anasikia sauti za marehemu wake. Watawala wanaigombania. Lakini riwaya inaanza na mama anayeikwangua ziwani alfajiri, nyayo zimepasuka kwa magadi, na yeye mwenyewe amekatazwa kuilamba.