Kitabuni Pikapu, Barabarani Basi

Wiki hii nataka tuitazame hati ambayo abiria wengi hatujapata kuishika, ingawa maisha yetu yamo ndani yake kila asubuhi. Ni logbuku ya gari. Humo mmeandikwa nambari ya chasisi na ya injini, rangi, aina ya bodi na idadi ya abiria. Sheria ya Usalama Barabarani ya Kenya, Sura 403, inamtaka mwenye gari amjulishe msajili anapobadilisha mambo hayo. Kwa maoni yangu, historia ya matatu ni historia ya sharti hilo kupuuzwa.

Turudi Nairobi ya miaka ya 1960. Mabasi ya kampuni, yaliyokuwepo tangu 1934, hayakufika kila mtaa. Watu wakapanda magari ya mapeni matatu, yaani senti thelathini, na jina la matatu likazaliwa hapo. Mengi yalikuwa pikapu na vani kuukuu. Fundi alijenga kibanda cha mabati nyuma, akachomelea mabenchi yanayotazamana, na gari lililoundwa kubeba magunia likabeba akina mama na watoto. Kitabuni lilibaki gari la mizigo. Mwenyewe angeandika nini? Kukiri kwamba anabeba abiria ni kujishtaki, maana hakuwa na leseni ya kazi hiyo.

Mwaka 1973 Mzee Jomo Kenyatta alitangaza kwamba matatu yabebe abiria wa nauli bila leseni hiyo. Sina ubishi na wanaomsifu: wananchi walipata usafiri na vijana wakapata kazi. Lakini tamko lile lilimwondolea mwenye gari mzigo wa leseni, likaacha kazi ya fundi kama ilivyokuwa. Hakuna aliyeuliza benchi limeshikwa na nini, wala paa lile litahimili nini gari likibingirika.

Tena kuna bima, na hapa ndipo wajane walipoumia. Bima huandikwa kwa matumizi maalumu. Gari lililokatiwa bima ya kubeba mizigo likianguka na watu kumi na wawili nyuma, kampuni ina pa kushikilia inapokataa kulipa: hawa hatukuwajua. Aliyelipa nauli yake halali hakuwa na namna ya kujua kitabuni aliitwa nani. Pengine aliitwa gunia.

Bunge liliamka mwaka 1984. Marekebisho ya sheria yalirudisha leseni na ukaguzi wa magari, na neno la mtaani likaingia katika sheria ya nchi: matatu ni gari la abiria lenye viti visivyozidi 25, dereva hahesabiwi. Miaka kumi na moja ilikuwa imepita. Wakati huo fundi wa jua kali alikwisha kuwa mjenzi wa bodi, ana wateja na ana mitindo.

Halafu akaja waziri John Michuki. Tangazo la Kisheria nambari 161 la 2003 lilitaka mikanda, vidhibiti mwendo vya kilomita 80 kwa saa na mstari wa manjano ubavuni. Nissan zilizokuwa zikibeba abiria 18 zikapunguzwa hadi 14. Tarehe 1 Februari 2004 ilipofika, magari mengi hayakuwa tayari na wakazi wa Nairobi wakatembea kwa miguu kwenda kazini. Wengi walinung'unika. Mimi naliona lile kuwa tendo la kwanza la serikali kuingia ndani ya gari na kuhesabu viti, badala ya kusimama nje ikihesabu leseni.

Siku hizi usajili uko mikononi mwa NTSA, iliyoundwa kwa sheria ya 2012, na bodi za mabasi zina kiwango chake, KS 372. Hata hivyo mabasi mengi bado hujengwa juu ya chasisi iliyoundwa kwa ajili ya lori, na mbao za kukalia katikati ya viti, zile tunazoita sambaza, huondolewa siku ya ukaguzi na kurudishwa jioni yake. Makanga huziweka chini ya kiti cha dereva. Anayetaka kuziona ainame tu kidogo anapopanda.