Mashini na Shahidi Wake

Usiku wa tarehe 16 Novemba 2022 roketi kubwa iliondoka Florida, katika nchi ya Marekani, ikapeleka chombo kisicho na mtu kuuzunguka mwezi. Safari hiyo iliitwa Artemis I. Roketi ilikuwa mpya, lakini mashini nne zilizowaka chini yake zilikwisha kuruka zamani. Moja yao iliruka mwaka 1998, siku ile mzee John Glenn alipokwenda angani akiwa na miaka 77. Je, kwa nini watu wenye mali na elimu namna ile walichukua mashini za zamani? Tusikie habari zake.

Mwaka 1971 shirika la NASA liliipa kampuni ya Rocketdyne kazi ya kuunda mashini ya namna mpya. Mashini nyingi za roketi zilizotangulia zilitumika mara moja tu, zikapotea. Hii ilitakiwa kurudi chini pamoja na chombo chake, kutengenezwa, na kuruka tena. Leo jina lake ni RS-25. Chakula chake ni hidrojeni na oksijeni, zilizopozwa hata zikamiminika kama maji. Hidrojeni hiyo ina baridi ya digri 253 chini ya sifuri, na moto ndani ya mashini unapita digri 3,000. Basi mdomo wa mashini umefanywa kwa mabomba membamba 1,080, na hidrojeni baridi hupita ndani yake ili chuma kisiyeyuke. Pampu ya hidrojeni huzunguka zaidi ya mara 30,000 kwa dakika moja.

Kazi haikuwa rahisi. Majaribio yalianza mwaka 1975. Pampu zilivunjika, mashini ziliungua, mafundi wakaanza tena. Chombo cha kwanza kiliruka tarehe 12 Aprili 1981, baada ya kukawia sana.

Tarehe 29 Julai 1985 chombo Challenger kilipanda na watu saba na mashini tatu. Kila mashini ilikuwa na vipimo viwili vya joto la pampu, kama mashahidi wawili. Wote wawili wakisema joto limezidi, kompyuta huizima mashini. Karibu dakika sita baada ya kuondoka, mashini ya katikati ilizimwa. Baadaye kipimo kimoja cha mashini ya kuume kikaharibika, na cha pili kikaanza kupanda. Kama mashini hiyo nayo ingezimwa, chombo kisingefika juu, na watu saba wangekuwa katika hatari ya kufa. Huko Houston, Jenny Howard alikuwa akiangalia habari za mashini. Alitambua kwamba si mashini zilizokuwa mgonjwa, bali vipimo vilisema uongo. Akashauri kompyuta izuiwe isiizime. Wakafanya hivyo, chombo kikafika juu, na wote saba wakarudi salama.

Vyombo hivyo viliruka mara 135 mpaka mwaka 2011. Watu 14 walikufa katika ajali mbili, mwaka 1986 na mwaka 2003, lakini si mashini hizi zilizoleta ajali. Katika safari zote, mashini moja tu ilizimwa njiani, ni ile ya mwaka 1985. Na hiyo nayo ilikuwa nzima.

Mashini 16 zilibaki, zikawekwa kwa ajili ya roketi mpya. Tarehe 29 Agosti 2022 roketi ilikuwa tayari kuondoka. Kipimo kikasema kwamba mashini ya tatu haijapoa vya kutosha. Wakubwa wakaahirisha safari. Baadaye mafundi walipochunguza waliona hidrojeni baridi imefika kama katika mashini nyingine: kipimo ndicho kilichokosa. Mwaka 1985 walikuwa angani, hawakuweza kungoja. Mwaka 2022 walikuwa chini, wakangoja. Mara zote mbili walifanya vema.

Dalili ya mvua ni mawingu, lakini si kila wingu lina mvua. Mtu asiyeijua mashini yake atasadiki kila kipimo, au atavidharau vyote, na njia zote mbili huua watu. Kupambanua shahidi wa kweli na wa uongo kunamtaka mtu aliyekaa na kitu chake muda mrefu, aliyekiona kikivunjika na kutengenezwa. Ndiyo sababu walichukua mashini za zamani: walizijua.

Mwisho wake unasikitisha kidogo. Roketi hii mpya hairudishi mashini zake. Zile nne ziliwaka dakika nane, zikaanguka pamoja na pipa lake katika bahari ya Pasifiki. Chuma kilichorudi mara nyingi, safari hii hakikurudi. Lakini elimu waliyoipata watu kwa miaka hamsini haikuzama nazo. Hiyo ndiyo iliyobaki mikononi mwao kwa safari zinazofuata.