Mbwa atii hata mkono ukiwa mtupu

Wasikilizaji hutuuliza: mbwa anatii akiona dagaa tu, tufanyeje? Huyo hajajifunza amri, amejifunza kufuata dagaa. Siku akiwakimbiza mbuzi wa jirani nawe huna kitu mkononi, hatarudi.

Chakula kinafaa kumfundishia, lakini kiondolewe hatua kwa hatua.

Kwanza, kifiche. Akishaelewa "njoo" au "kaa", weka dagaa mfukoni. Toa amri na ishara ile ile kwa mkono mtupu. Akitii, ndipo umpe.

Pili, punguza bila mpangilio. Mpe baada ya kutii mara mbili, kisha mara nne, kisha mara moja. Kwa kuwa hajui zamu ipi ina chakula, ataendelea kutii. Ukikata ghafla, ataona hakuna faida, ataacha.

Tatu, badilisha zawadi. Msifu kwa sauti ya furaha, mpapase kifuani, au mwachie akacheze. Anza kufanya hivyo mapema, pamoja na chakula, ili azoee.

Fundisha dakika tano, mara mbili au tatu kwa siku. Anzia uani palipo tulivu, halafu njiani, mwisho karibu na mifugo akiwa kwenye kamba. Akikosea mara kwa mara, usimpige. Rudi hatua moja nyuma.

Amri ya "njoo" tunashauri iendelee kupata dagaa mara chache, maisha yake yote. Ndiyo itakayomrudisha gari linapokuja.