Mama Maria Nyerere na Sadaka Isiyo na Kibao

Sisi wa Ngara na Biharamulo tunalifahamu vema neno "mfadhili". Mwishoni mwa Aprili 1994, wakimbizi wapatao 250,000 kutoka Rwanda walivuka Rusumo katika muda wa siku moja hivi, na kambi ya Benaco ikazaliwa. Mashirika yalikuja kwa wingi, na vibao vyao vikajaa kando ya barabara. Walitenda mema mengi, nasi yatupasa kushukuru. Wakimbizi hao waliporejea kwao Desemba 1996, vibao vingi viling'olewa. Kwetu kikabaki kitu kigumu kung'oa: mazoea ya kudhani kwamba ukarimu ni kazi ya mwenye gari na ofisi.

Ndiyo maana juma hili tunatafakari maisha ya mwanamke aliyekuwa mke wa Rais, ambaye sadaka yake kubwa haikuwa na kibao.

Maria Waningu Gabriel alizaliwa tarehe 31 Desemba 1930, katika eneo ambalo leo ni mkoa wa Mara. Alisomea ualimu Sumve, akafundisha Nyegina, karibu na Musoma. Januari 1953 alifunga ndoa na mwalimu mwenzake, Julius Nyerere. Machi 1955 mumewe aliacha kazi ya ualimu Pugu ili aitumikie TANU, na mshahara ukakoma. Mama Maria akafungua duka dogo Dar es Salaam, akawa anauza mafuta ya taa. Tunapomsifu Mwalimu kwa kuacha mshahara, tumkumbuke pia aliyesimama nyuma ya kaunta ili chungu kisikauke.

Nyerere akawa Rais mwaka 1962. Mama Maria hakuacha kufanya kazi. Alianzisha shamba la kuku. Kisha, Februari 1967, likatangazwa Azimio la Arusha. Lilimkataza kiongozi kuwa na nyumba za kupangisha, hisa katika makampuni au mishahara miwili. Tena lilifafanua kwamba katazo hilo linamhusu kiongozi pamoja na mkewe au mumewe. Mama Maria akalitoa shamba lake la kuku kwa ushirika.

Tusiharakishe kupita hapo. Kila mama anayefuga kuku katika parokia zetu anajua maana ya kulea vifaranga, kuamka usiku banda linapopiga kelele, na kuhesabu mayai kwa ajili ya ada ya shule. Aliyesimamia sharti lile alikuwa mume. Aliyeachia jasho lake alikuwa mke.

Huenda mtu akasema: hiyo ni sheria, si sadaka. Swali hilo ni la haki. Lakini sheria ile ilikuwa na upenyo, na wapo viongozi walioandikisha mali kwa majina ya watoto wao. Sheria yaweza kumwamuru mtu aachie. Haiwezi kuuzuia moyo usitafute mlango wa nyuma.

Wake wa marais waliofuata walichukua njia nyingine. Mama Anna Mkapa alianzisha Mfuko wa Fursa Sawa kwa Wote mwaka 1997, na Mama Salma Kikwete akaanzisha WAMA, iliyosomesha wasichana. Kazi hizo ni njema, wala hatuzidharau. Ila mfuko hukusanya vya wengi na kuvigawa. Mama Maria alitoa kilichokuwa chake. Yule mjane wa Injili hakuwa na mfuko, alikuwa na senti mbili.

Jimbo letu lilikuwa na mwalimu wa jambo hilo hilo. Askofu Christopher Mwoleka, aliyeliongoza Jimbo la Rulenge tangu 1969 hadi 1996, aliona katika Utatu Mtakatifu mfano wa kushirikishana yote, akaenda kuishi na wakulima katika kijiji cha ujamaa. Hatusahau machungu ya miaka ya 1970, watu wengi walipohamishiwa vijijini kwa nguvu. Machungu hayo yanatufundisha kwamba kushirikishana bila hiari huzaa manung'uniko. Kwa sababu hiyo tunazo Jumuiya Ndogo Ndogo: mahali ambapo jirani humtambua jirani, na mtu hutoa bila kusukumwa.

Mwaka 2005 Jimbo la Musoma lilianzisha mchakato wa kumtangaza Mwalimu kuwa Mwenyeheri. Tangu hapo Mama Maria amehiji Namugongo, Uganda, mara nyingi, kumwombea mumewe. Naye ambaye angeweza kudai mengi, ameomba sala.

Basi, tutakapokutana jumuiyani juma hili, tusianze kuuliza ni mfadhili gani atakayetujengea paa la kigango. Tuulizane kwanza: ni kuku gani tulio tayari kuwaachia wengine? Tusihesabu tulivyobakiza, tuhesabu tulivyoviacha.

Mama Bikira Maria atuombee. Tumsifu Yesu Kristo!